Kaptula za Muziki

Tobias Kipngetich ni mkalimani hata pale ambapo hakuna aliyemwomba. Siku za kazi huendesha basi dogo linalowapeleka wazee wa Silver Spring hospitalini kusafishwa damu, na simu iliyobandikwa kwenye kioo ikimwambia kwa Kiingereza apinde kushoto, yeye hutamka kwa sauti, "Pinda kushoto," ingawa humo ndani hakuna anayejua Kiswahili. Simu ikipotea na kusema inatafuta njia nyingine, naye husema, "Anatafuta njia nyingine, tumvumilie." Wazee wamemzoea. Kuna bibi mmoja, Mmarekani mtupu, ambaye siku hizi wakifika kwenye mataa huinua kidole na kusema "kushoto" kabla ya simu, na mara nyingi huwa amepatia.

Lakini hiyo ni ajira tu. Kazi yenyewe, ile ambayo Kipngetich mwenyewe aliiita kazi, ilikuwa Jumapili alasiri. Takoma Park kuna kanisa la matofali mekundu ambamo wenyewe Wamarekani humaliza ibada yao saa sita, wakaenda kula, ndipo Waswahili wakaingia: Wakenya wa bara, Wakongo, Warundi, na Mtanzania mmoja mmoja anayekuja kumwabudu Mungu na kusahihisha ngeli za wenzake. Wahubiri wageni ni wengi, na karibu wote huhubiri kwa Kiingereza. Kando ya kila mmoja alisimama Kipngetich na kipaza sauti chake.

Alijifunzia kazi hiyo Kericho, kwenye mikutano ya injili ya viwanjani, kwa mzee aliyemwambia kwamba mkalimani mzuri haachi kitu njiani. Kipngetich alilishika neno hilo kama lilivyo. Mhubiri akinyoosha mkono, naye alinyoosha. Akikanyaga chini kwa kishindo, naye alikanyaga. Akikohoa, alikohoa, tena kikohozi cha ukubwa uleule. Mwaka juzi mgeni kutoka Bladensburg alijikwaa kwenye waya akaanguka kifudifudi, na kabla watu hawajapata hata kushtuka, Kipngetich naye alikuwa chini, kifudifudi, upande wa Kiswahili. Waumini wakasema amina. Wapo waliokiri baadaye kwamba hawajawahi kuelewa anguko la mwanadamu kama walivyolielewa siku ile.

Neno moja tu hakuwahi kulitamka akiwa na kipaza sauti mkononi, nalo ni "sijui". Asipojua, alitafsiri hivyohivyo, kwa sauti ya juu zaidi.

Mambo yaliharibika mwezi wa Januari kwa sababu ya breki. Mhubiri mgeni alikuwa akisimulia jinsi maisha yalivyombana hata akamlilia Mungu, "Give me a break." Kwa Kiingereza cha huko ni kusema nipumzishe kidogo, nipe nafuu. Kipngetich, ambaye wiki nzima ilikuwa imemkuta kwenye usukani, hakusita.

"Nikamwambia Mungu, nipe breki."

"Amina," kanisa likasema.

"Na Mungu akanipa breki."

Hapo kanisa lilichemka, maana nusu ya wanaume wa mle ndani wanaendesha teksi na magari ya mizigo. Nzeyimana, fundi bomba, Mrundi mpole asiyesema sana, alisimama akatoa ushuhuda kwamba gari lake lilikuwa linapiga kelele kwenye miteremko tangu Krismasi, na kwamba neno lile limekuja kwa ajili yake. Ibada ilikuwa tamu. Ila katika safu ya tatu binti wa huyohuyo Nzeyimana, Akimana, muuguzi aliyekulia hapohapo Maryland, alikuwa ameinamisha kichwa huku mabega yakimtetemeka, na wala hakuwa akilia.

Baada ya ibada Mchungaji Mutai alimwita Kipngetich kando, karibu na mahali pa kutundikia makoti.

"Ndugu Tobias, vijana wanacheka."

"Vijana hucheka, Pastor."

"Wanacheka katikati ya sermon. Nimeambiwa breki haikuwa breki."

"Ilikuwa nini?"

"Ilikuwa pumziko."

Kipngetich alilifikiria jambo hilo kwa haki. "Na gari likifunga breki, halipumziki?"

Nadhani swali hilo ndilo lililomuudhi Mchungaji. Mutai si mtu wa kufukuza watu. Ni mtu wa kuweka mitihani, kama walivyo wengi waliopata kuwa walimu wa shule ya msingi. Alisema kwamba Bibi Harriet, mzee wa kanisa la wenye jengo, amewaalika kwenye jioni ya urafiki Jumamosi ya katikati ya Februari. Kipngetich atafsiri tangazo lake, na siku yenyewe asimame atafsiri. Ikienda sawa, kipaza sauti ni chake mpaka achoke mwenyewe. Isipoenda sawa, Jumapili itakayofuata atasimama Akimana.

Kipngetich alisema sawa, akavaa koti, akatoka. Aliogopa, na aliogopa sana. Bila kipaza sauti kile alijiona dereva tu, mtu anayeambiwa na simu apinde wapi. Alikitaka kuliko kitu kingine chochote alichokuwa nacho, na aliona haya kukitaka kiasi hicho.

Tangazo la Bibi Harriet lilifika kwenye simu yake Jumatatu. Lilikuwa fupi na lilijaa neno moja: "shorts". Bibi alikuwa na "shorts" za muziki, za zamani, nyeusi na nyeupe, na alitaka kuzionyesha. Kungekuwa na orchestra ya jazz na dansi iitwayo "tap". Kipngetich alikaa mezani akavaa miwani. Mkewe Jerotich alikuwa anapiga pasi sare yake ya kazini, na binti yao Abigail alikuwa kwenye sofa na simu yake, kama kawaida.

"Abigail, shorts ni nini?"

"Like, short pants," Abigail alisema bila kuinua macho.

"Si ndiyo kaptula?"

"I guess."

"Na tap?"

"Like tap water, Dad."

Kipngetich aliandika. Jerotich aliweka pasi pembeni. "Baba Abigail, huyo mama wa miaka themanini na kitu anataka kutuonyesha kaptula?"

"Za kale. Za muziki."

"Kaptula ya muziki inakaa aje?"

"Hii ni Amerika," Kipngetich alisema. "Wana kila kitu."

Usiku huohuo tangazo likaingia kwenye kundi la WhatsApp la kanisa. Lilisomeka hivi: "Mnakaribishwa kwenye jioni ya kaptula za kale za muziki. Kutakuwa na orchestra ya jazi pamoja na dansi ya bomba. Kaptula zote ni nyeusi na nyeupe. Nyingine zilikuwa zimeraruka lakini zimeungwa. Hakuna kaptula itakayozidi dakika kumi. Chai itakuwepo." Lile la bomba lilimpendeza mno, kwa kuwa bomba ni la maji na vilevile, kwa vijana, ni kitu kizuri. Neno moja, faida mbili.

Kisha ukaja ujumbe wa sauti wa Mama Kasoki, bibi mnene wa kutoka Butembo ambaye kanisa zima humwogopa kwa upendo. "Baba Mukalimani, nimefurahi kwa orchestre, wee, ni miaka mingi. Lakini hiyo kaptula ni ya lazima hata kwa bamama?"

Kipngetich alitazama swali hilo. Hakujua. Na kwa kuwa hakuwa na desturi ya kutojua, aliandika, "Ilivyoandikwa ndivyo ilivyo." Basi ikawa lazima. Nzeyimana naye akauliza kama hilo bomba linahitaji spana ya ukubwa gani, akajibiwa abebe zote.

Jumapili Akimana alimngojea kwenye korido. Alikuwa msichana mwenye adabu, na kwa hilo lazima tumpe haki yake, maana alianza kwa kuinama.

"Mzee, samahani. Zile shorts za kwenye tangazo, si ni films? Za zamani, fupi fupi, zenye watu wanapiga muziki?"

"Binti yangu, zingekuwa films angeandika films."

"Ni vile wanasema musical shorts, ni kitu—"

"Akimana. Nimevaa shorts kabla baba yako hajaoa."

"Sawa, mzee," alisema, akaondoka zake. Njiani kurudi nyumbani Kipngetich alijikuta anawaza kwamba binti yule angeweza kumwendea Mchungaji moja kwa moja, naye hakwenda. Wazo hilo halikumpa raha, akawasha redio akatafsiri habari za hali ya hewa. Zilisema theluji.

Theluji ilianguka kweli. Jumamosi ile Takoma Park yote ilikuwa nyeupe, na watu wenye akili zao walikuwa wamejifunga hadi masikioni. Kipngetich alifika mapema ukumbini, chini ya kanisa, amevaa koti la suti, tai, soksi ndefu za kuvutwa hadi gotini, na kaptula ya khaki ambayo Jerotich aliinyoosha hata ungeweza kukata mkate kwa mkunjo wake. Bibi Harriet alikuwa amesimama kando ya mashine ya kuonyeshea picha. Alimtazama magoti. Alikuwa mwanamke aliyelelewa vizuri, hivyo akaanza kuzungumza habari za chai.

Kisha akamwonyesha makopo ya bati, ya duara, yamepangwa juu ya meza. "My shorts," alisema kwa fahari, akafungua moja. Ndani mlikuwa na utepe mweusi wa filamu uliojisokota.

Kipngetich aliutazama ule utepe muda mrefu. Alielewa yote kwa mara moja: zile zilizoraruka zikaungwa, zile dakika kumi, ule weusi na weupe. Maji yakimwagika hayazoleki, lakini mtu hujaribu. Alikimbia hadi mlangoni akitumaini angalau kumkuta wa kwanza akamrudisha nyumbani.

Walikuwa wanashuka kwenye basi. Wote walikuwa wanashuka. Wanaume walivaa makoti mazito na kofia za sufu, na chini miguu mitupu imekauka kwa baridi hadi imekuwa na rangi ya majivu. Mchungaji Mutai alikuwa na kaptula ya michezo ya shule aliyofundisha zamani, jina la shule likiwa limeandikwa paja moja na neno bidii paja la pili. Mama Kasoki alikuwa amevaa kaptula ya mpira wa kikapu ya mjukuu wake juu ya kitenge, na alitembea kwenye theluji kichwa juu, kama mtu anayetii maandiko. Nyuma yao alikuja Nzeyimana na sanduku la spana.

"Karibuni," Kipngetich alisema. Angesema nini tena.

Wenyeji Wamarekani, wazee watupu, waliwapisha kwa heshima. Mmoja alimnong'oneza mkewe kwamba bila shaka ni vazi la sherehe la kwao, na mkewe akasema linapendeza. Kipngetich aliyasikia hayo na nusura ayatafsiri. Kati ya Waswahili ni Akimana peke yake aliyekuja na suruali ndefu, na Mama Kasoki alimshika mkono hapohapo mlangoni.

"Weye hukusoma?"

"Nilisoma, Mama," Akimana alisema. Alitazama magoti ya watu, kisha akamtazama Kipngetich. Safari hii mabega yake hayakutetemeka, na Kipngetich angefurahi kama yangetetemeka.

Bibi Harriet alisimama mbele kuwakaribisha, na Kipngetich akasimama kando yake na kipaza sauti. Bibi alieleza kwamba zamani, kabla ya picha kubwa kuanza kwenye majumba ya sinema, zilionyeshwa hizi fupi ili watu waketi na watulie, na kwamba orchestra nyingi zilijulikana kwa njia hiyo kwa watu ambao wasingeruhusiwa hata kuingia ukumbini zilimopiga. Kipngetich alitafsiri yote hayo vizuri. Kisha bibi akafungua mikono akasema, "So, welcome to my shorts."

Hapo ndipo palikuwa mahali pa kusema kweli. Kipngetich alifungua mikono naye. Akaona kaptula safu kwa safu, na Mchungaji Mutai ameketi mbele kabisa, anangoja.

"Kwa hiyo," alisema, "karibuni kwenye kaptula zangu."

"Amina," wakasema.

Taa zikazimwa. Ya kwanza ilikuwa orchestra yenyewe, wanaume waliovaa suti nyeupe wakiwa wamepangwa kwenye ngazi kama keki ya harusi, na tarumbeta zao zikipanda na kushuka kwa pamoja. Mama Kasoki alisubiri kwa subira.

"Magitare iko wapi?" aliuliza mwishowe.

Kwake yeye, jazz ni magita matatu na mwimbaji anayelalamikia mapenzi, na hizi tarumbeta peke yake zilimfanya ahisi kwamba bendi imekuja lakini wenyewe bado wako njiani. Hata hivyo ngoma ilipochanganya, bega lake la kulia lilianza kujibu bila kumuuliza, na muda si mrefu la kushoto likaenda kuona kuna nini. Nzeyimana yeye alikuwa amesikia tone la maji likidondoka jikoni. Alifurahi, akabeba sanduku lake, akaenda.

Ya pili ilikuwa na hadithi. Mtu mmoja, mfupi, mfanyakazi wa hoteli, anapewa suruali ya kiongozi wa orchestra aipige pasi. Anasikia muziki, anaanza kuchezesha miguu, anasahau pasi. Moshi. Suruali imeungua magotini. Meneja anaingia akiwa na hasira, anachukua mkasi, anakata suruali ya yule maskini mwenyewe ili kiongozi apate ya kuvaa kwa kuungaunga, kisha anamsukuma mlangoni, na mtu yule anajikuta yuko jukwaani mbele ya watu, na koti, na tai, na soksi ndefu, na kaptula.

Watu walimtazama mtu yule, wakajitazama, wakamtazama Kipngetich, ambaye alikuwa amevaa vilevile mpaka tai.

"Aliandika," Mama Kasoki alisema gizani. "Aliandika kaptula, na kaptula imekuja."

Mchungaji Mutai alisimama, akapapasa gizani hadi akaupata mkono wa Kipngetich, akautikisa kwa nguvu. "Ndugu Tobias," alisema, "nisamehe." Na kutoka jikoni ikasikika sauti ya Nzeyimana ikitangaza kwamba bomba limepona. Bibi Harriet, ambaye bomba lile lilikuwa limemtesa miaka, alipiga makofi.

Kipaza sauti kilikuwa chake. Mpaka achoke mwenyewe. Kipngetich alijua kwamba alipaswa kufurahi, na badala yake alijiona kama mtu anayesifiwa kwa pishi la jirani. Alimtafuta Akimana kwa macho. Alikuwa anamtazama, na alitabasamu kidogo, tabasamu la mtu aliyeamua kunyamaza. Hilo ndilo lililomuuma.

Pale kwenye pazia la picha yule mfupi alikuwa ameanza kucheza. Hiyo ndiyo iliyokuwa dansi ya tap: soli za viatu vyake zilikuwa na vyuma, na kila alipogusa sakafu ilitoka sauti kavu, safi, na nyingine, na nyingine, mpaka zikawa mvua juu ya mabati. Orchestra ilinyamaza ikamwachia. Ikabaki miguu tu, inasema, inasita, inauliza, inajijibu. Na kanisa la Kiswahili, lililozoezwa miaka mingi kwamba kila kinachotoka mbele kwa lugha ngeni hufuatiwa na tafsiri, liligeuka kumtazama mkalimani.

"Anasema nini?" Mchungaji Mutai aliuliza.

Kinywa cha Kipngetich hakikuwa na neno. Lakini mguu wake wa kulia, ambao tangu Kericho haujawahi kumwacha mhubiri akanyage peke yake, ulikanyaga. Kisha wa kushoto. Viatu vyake vya kanisani havikuwa na vyuma, na umri wake haukuwa wa mambo yale, lakini mkalimani haachi kitu njiani. Mfupi alipiga kisigino, Kipngetich akapiga kisigino. Mfupi alizunguka, Kipngetich akazunguka, akamaliza akiwa ameelekea pengine kidogo. Alikuwa nyuma kwa maneno mawili matatu, kama kawaida ya tafsiri, na jasho lilikuwa linamtoka, na watu walikuwa wameanza kupiga makofi, Waswahili na Wamarekani. Kwa muda alisahau kipaza sauti na Mutai na kila kitu. Alifurahi tu.

Ndipo yule mfupi akaruka juu, akashuka, akapiga msamba. Mguu mmoja mbele, mwingine nyuma, chini kabisa, mikono imefunguliwa, anatabasamu.

Makofi yalikatika. Kila mtu alimtazama Kipngetich. Kipngetich alitazama sakafu, na nadhani hata yeye alijua kwamba pale mtu mwenye busara hufupisha. Lakini alikuwa tayari amewadanganya jioni ile kwa neno, na hakutaka kuwadanganya tena kwa miguu.

Akashuka.

Sauti ilisikika, na haikuwa ya sakafu. Kwenye pazia yule mfupi aliinuka kwa wepesi, kama mtu aliyevutwa kwa uzi, akaendelea na mambo yake. Kipngetich hakuinuka. Watu wakasubiri. Upande wa Kiswahili huchelewa kidogo, wote walijua.

Bibi Harriet ndiye aliyezima mashine na kuwasha taa. Mkalimani alikuwa sakafuni, ametanuka, na koti lake na tai yake, na kaptula ya khaki ambayo sasa nayo ilikuwa imeraruka na haijaungwa.

Mchungaji aliinama, jina la shule likamkunjamana pajani. "Ndugu Tobias, hapo tumefika wapi?"

Kipaza sauti kilikuwa bado mkononi. "Sijui," Kipngetich alisema, na spika zikalipeleka neno hilo hadi jikoni.

"Amina," kanisa likasema.

"Nasema kweli. Sijui. Shorts si kaptula. Shorts ni hizi picha. Akimana aliniambia, nikakataa."

Watu wakayatazama magoti yao. Nje theluji ilikuwa bado inaanguka.

"Si mubaya," Mama Kasoki alisema baada ya kutafakari. "Tumesha vaa."

Na Nzeyimana, aliyekuwa amesimama kwenye mlango wa jikoni na spana mkononi, alimtazama mkalimani aliyekwama, akatikisa kichwa polepole kwa unyenyekevu wa mtu anayeona neno likitimia.

"Mungu amempa breki," alisema.

Hakuna aliyecheka. Akimana alikuwa tayari amepiga magoti kando yake, na mikono ya kiuguzi ilikuwa inapapasa nyuma ya paja. "Inauma wapi, mzee?" Kipngetich alifungua kinywa, na maumivu yakamziba. Basi akanyoosha mkono, akampa kipaza sauti.

"Anasema nini?" Mchungaji aliuliza.

Akimana alimsoma uso kwa makini, bila haraka. "Anasema mumnyanyue polepole," alisema kwenye kipaza sauti, kwa Kiswahili kizuri chenye Kirundi ndani yake. "Na anasema picha iendelee."

Hakuwa amesema lolote kati ya hayo, na yote mawili yalikuwa sahihi.

Daktari alimwandikia Kipngetich wiki kadhaa za kupumzika bila usukani, kwa hiyo ile breki ikawa kweli kwa lugha zote mbili, na Mchungaji Mutai aliliona hilo na hakulitaja. Jumapili iliyofuata Akimana alisimama mbele kama ilivyopangwa. Kipngetich aliketi safu ya pili, mguu juu ya kiti, fimbo mkononi, na alisikiliza. Binti alikuwa mzuri. Kipngetich aliuma midomo mara mbili kwa wivu, mara ya tatu akasahau kuwa na wivu.

Mhubiri alikuwa wa wale wa moto. Alifika mahali penye uchungu, akainua goti, akakanyaga jukwaa kwa kishindo. Akimana alitafsiri maneno, yote, barabara, na miguu yake ikatulia. Kanisa likabaki kimya. Halikusema amina. Mhubiri alishangaa, akakanyaga tena, na bado kimya, na safu moja baada ya nyingine vichwa vikaanza kugeuka kuelekea safu ya pili. Akimana naye aligeuka, akashusha kipaza sauti, akangoja.

Kipngetich aliinua fimbo, akaigonga sakafuni mara mbili.

"Amina," kanisa likasema, na mhubiri akaendelea.